Nilivyomfungia Sugaya Kule Atami

Wiki iliyopita niliwaacha mlangoni kwa bosi wangu, na najua wapo walionilaani kwa kukatia pale. Basi leo tuingie ndani. Ila kuna waliochelewa, hao niwarudishe nyuma kidogo.

Jina langu Kuwabara Tomoe. Ni prodyuza wa katuni za televisheni, na studio yetu iko Ogikubo, Tokyo. Kazi hii niliianza kama dereva wa kuzunguka mji mzima kukusanya michoro majumbani kwa wachoraji. Nambembeleza huyu, namwamsha yule, wa tatu namsubiri nje ya mlango wake mvua inaninyeshea. Miaka kumi na tisa baadaye nikawa na meza yangu dirishani. Mume sina tena. Aliondoka na friji.

Alivyoondoka nilishawasimulia. Alipiga simu ofisini jioni nzima, na kila mara wenzangu walimjibu, “Ametoka sasa hivi, yuko njiani.” Mimi nilikuwa nimekaa palepale. Hakuna aliyemdanganya kwa ubaya. Ni mazoea ya kazi.

Kwetu hilo tunaliita jibu la duka la tambi. Ukipiga simu kulalamika kwamba chakula hakijafika, mwenye duka anakwambia baiskeli imeondoka sasa hivi, kumbe hata maji hayajachemka. Kazi nzima ya katuni inaendeshwa kwa jibu hilo. Kituo cha televisheni kikiniuliza michoro iko wapi, nasema iko njiani. Wanajua ninadanganya, najua kwamba wanajua, na wao wakiulizwa na wenye matangazo wanajibu vilevile.

Lishikeni hilo jibu. Ndilo lililonimaliza.

Haya, ofisini. Bosi wetu anaitwa Obinata, mtu wa shati safi na maneno machache. Alifunga mlango, akaniuliza, “Kichwa kinaendeleaje?”

Mwezi uliotangulia nilikuwa nimeanguka kwenye chumba cha kurekodia sauti, mbele ya waigizaji. Daktari alisema nipumzike. Nilimwambia nitapumzika tukimaliza, na hatukuwahi kumaliza.

“Kizima,” nikasema.

“Vizuri. Sugaya hajaleta ramani ya sehemu ya mwisho.”

Ramani ni kurasa za michoro midogo midogo inayoonyesha kila tukio, kuanzia mlango unapofunguliwa mpaka chozi linapodondoka. Anaichora mwongozaji. Bila ramani hakuna mchoraji anayegusa penseli, na Sugaya Yukinori ndiye mwongozaji wangu wa katuni iliyokuwa hewani.

“Ataleta,” nikasema.

“Kamati ya wafadhili inakutana Ijumaa,” Obinata akasema. “Ajenda ni filamu yako.”

Filamu yenyewe ni ya mama mfuaji nguo wa Hakodate na mbwa wake kiziwi. Nilikuwa nimeihangaikia miaka minane, napeleka kwa huyu nafukuzwa, napeleka kwa yule nanyweshwa chai halafu nafukuzwa. Mwongozaji wake angekuwa Sugaya. Nilikuwa nimemwahidi.

“Ukirudi na ramani kabla ya Ijumaa, filamu unaisimamia wewe,” akasema. “Ukirudi mikono mitupu, sahau. Kuna meza idara ya kuuza vikombe na vifutio vyenye picha za katuni, watakupokea.”

“Sasa mimi nitamchoreaje?”

“Humchorei. Mpeleke Atami ukamfungie.”

Kufungia mtu ni desturi ya zamani kwetu. Mwandishi au mwongozaji asiyemaliza kazi unampeleka mji wa chemchemi kama Atami, kwenye nyumba ya wageni yenye bafu la maji ya moto, unampa meza, chai na penseli, na wewe unakaa chumba cha pili kumlinda asitoroke. Hakuna anayeona haya. Wengine hata hujisifu kwamba wamewahi kufungiwa.

Jumatatu tukapanda treni. Sugaya alikuwa mgane wa miaka hamsini na nane, mwembamba, na koti lake lilikosa kifungo tangu mkewe afariki. Njia nzima alikula machenza na kuniwekea maganda kwenye mfuko wangu.

“Unanipeleka jela, Bi Kuwabara?”

“Jela yenye bafu.”

“Basi nitafanya kosa kila mwaka.”

Mwenye nyumba alikuwa mama wa miaka sabini na kitu, Bi Chise. Msimu wa wageni ulikuwa haujaanza, na nyumba nzima tulikuwa sisi wawili. Alitutazama, akatabasamu upande mmoja.

“Vyumba viwili?”

“Viwili, vinavyopakana.”

“Mmegombana?”

“Mama, huyu si mume wangu.”

“Ndiyo maana nikauliza, mwanangu.”

Sugaya akacheka mpaka akashika nguzo. Mimi nikaona aibu, nikamvuta yule mama pembeni na kumweleza. Aliposikia nimekuja kumfungia mtu, uso ukamchangamka. Akasema zamani waandishi walikuwa wakiletwa kwake kila mwezi. Mmoja alitorokea dirisha la choo, akaacha meno yake ya bandia kwenye glasi.

“Naomba ufiche viatu vyake,” nikamwambia. “Humu atavaa ndala za ndani. Hata akilia usimpe.”

“Niachie mimi. Sijawahi kupoteza mfungwa mara mbili.”

Jioni ile chakula kililetwa chumbani kwa Sugaya, na changu kikaletwa hukohuko. Sikuomba. Bi Chise alikwisha kata shauri kwamba kupanda ngazi mara mbili ni upuuzi. Tukaketi tukitazamana, samaki katikati, wali, na chupa ndogo ya pombe ya mchele.

“Mara ya mwisho kula umekaa ni lini?” Sugaya akaniuliza.

“Hata garini nakaa.”

“Umekaa na mtu.”

Nikakumbuka mikate ya dukani niliyoila nikiwa kwenye foleni ya magari, na siku yangu ya kuzaliwa niliyoiadhimisha kwenye maegesho nikimsubiri mchoraji amalize mkono mmoja wa mhusika. Nikamwambia sikumbuki. Akanijazia kikombe.

Nitawaambia ukweli, kwa kuwa hamnioni uso. Nilikuwa mpweke. Nyumbani kwangu kalenda ilikuwa bado iko mwezi wa nne na tulikuwa wa kumi na moja. Watu walinipigia simu siku nzima, na wote walikuwa wanatafuta kitu. Hakuna hata mmoja aliyekuwa ananitafuta mimi. Usiku ule nililala nikisikia mtu anakohoa upande wa pili wa ukuta, na kile kikohozi kikanibembeleza.

Jumanne niliamka jua liko juu. Haikuwahi kunitokea. Nikakurupuka mpaka mlangoni kwake.

“Ramani?”

“Inakuja.”

“Imefika wapi?”

“Bi Kuwabara, ukiipigia kelele itarudi ilikotoka. Keti unywe chai.”

Nikaketi. Mezani karatasi zilikuwa nyeupe, penseli zimechongwa zimelala sambamba. Nikajua hajagusa kitu. Badala ya kumkaripia nikanywa chai, kisha tukacheza karata, kisha akanihadithia jinsi mkewe alivyokuwa akimkosoa kila alipochora miguu ya farasi. Nilicheka. Niliisikia sauti yangu ikicheka, nikashangaa.

Jioni nikashuka mapokezi kumpigia Obinata.

“Vipi huko?” akauliza.

“Anakwenda vizuri. Karibu nusu.”

“Karibu nusu.”

“Ndiyo.”

“Haya, Kuwabara. Kula vizuri.” Akakata.

Hilo lilipaswa kunishtua. Obinata hajawahi kumwambia mtu ale vizuri.

Jumatano mchana Bi Chise akaja mbio, ndala zinapiga sakafu. Simu yangu kutoka Tokyo, na chumbani kwangu hakukuwa na simu. Nikashuka. Sauti ya Obinata ilikuwa ya mbali, ina mwangwi, kama mtu aliye ukumbini.

“Kuwabara, sema polepole na kwa sauti, simu inakwaruza. Ramani ya sehemu ya mwisho iko wapi?”

Ramani ilikuwa haipo. Ila mnalijua jibu. Mdomo wangu ulilitoa lenyewe.

“Nusu ya kwanza imekamilika. Ya pili anaimalizia leo.”

“Umeiona kwa macho yako?”

“Nimeishika kwa mikono yangu.”

Nikasikia mtu anakohoa, na hakuwa Obinata. Nikadhani ni laini zimegongana.

“Asante,” akasema. “Imetosha.”

Nikarudi juu moyo mwepesi. Ningembana Sugaya usiku na mchana, nusu ingepatikana, na uongo wangu ungegeuka ukweli kabla ya Ijumaa. Ndivyo tunavyoishi. Mara ngapi nimesema kitu kipo, kisha nikakimbia kukifanya kiwepo.

Nikamkuta amekaa dirishani anatazama bahari ya majira ya baridi.

“Sugaya, nimekudhamini. Nimesema nusu imekwisha.”

Akageuka haraka. “Umemwambia nani?”

“Obinata.”

“Kwa nini ulimwambia hivyo?”

“Ulitaka nimwambieje? Kwamba tunacheza karata?”

Akaniuliza kama kichwa kinaniuma. Nikamjibu hakiumi, tangu nije hakijauma hata kidogo. Akaitikia kwa kichwa, akasema, “Basi vizuri. Basi afadhali,” kama mtu anayejituliza mwenyewe. Sikumwelewa. Nilichoona mimi ni mwanaume anayejali kichwa changu, na kwa miaka mingi hakuna aliyekijali.

Jioni ile akanitolea miiba ya samaki kwa vijiti vyake vya kulia, akanisogezea sahani. Mkinibana kama nilimpenda, nitawajibu sijui. Najua tu kwamba nilitamani asimalize. Mimi, prodyuza, niliyemfungia mtu amalize kazi, niliomba moyoni isiishe upesi. Ikiisha tungepanda treni, na yule bwana angeshuka kituo chake na mimi changu.

Alhamisi asubuhi nikajisuta. Tomoe, kesho ni Ijumaa. Nikaamua niende mjini nikamnunulie penseli laini anazozipenda na dawa ya macho, nirudi nimkalie kooni mpaka achore.

Nikashuka mlangoni. Viatu vyangu havikuwepo.

Nikatazama kabati lote la viatu. Tupu. Nikamwita Bi Chise.

“Mama, viatu vya bwana umevificha, vizuri. Vyangu viko wapi?”

Akafuta mikono kwenye aproni, akatazama chini.

“Vyako nilivificha Jumatatu.”

“Kwa nini?”

“Mwenzako aliniomba.”

“Nani, Sugaya?”

“Ulipokuwa bafuni. Akasema dada huyu mgonjwa, bila kufichiwa viatu atakimbilia kazini afie huko. Mwanangu, nilikutazama usoni nikaona bwana yule hasemi uongo.”

Nikataka kucheka. Mlinzi na mfungwa, kila mmoja kamfichia mwenzake viatu. Nikasema, “Haya, mama, mimi nina kazi, na yeye hajachora hata mstari. Nipe.”

“Hajachora?” Bi Chise akashangaa. “Si alimaliza?”

“Amemaliza nini?”

“Makaratasi yake. Jumanne asubuhi wewe umelala, alinipa bahasha nene niipe gari la vifurushi. Ya Tokyo. Ilikuwa nzito kama mchele.”

Nikakaa kwenye ngazi pale pale, na ndala zangu za ndani. Bi Chise akaniletea maji, nikayashika sikuyanywa. Kisha nikanyanyuka, nikaenda kwenye simu.

Obinata alipokea mwenyewe.

“Ramani unayo?” nikamuuliza. Hata salamu sikutoa.

“Ninayo tangu jana asubuhi. Nzuri sana. Miguu ya farasi imemshinda kidogo.”

“Jana asubuhi. Na mchana ukanipigia kuniuliza iko wapi.”

“Nilikuuliza.”

“Ulikuwa unajua.”

“Nilikuwa nayo mezani.”

“Kesho nitakuja kwenye kikao nieleze mwenyewe.”

“Kikao kilikuwa jana, Kuwabara.”

Akaendelea polepole, kwa sauti ileile anayotumia kumwambia mchoraji kwamba kazi yake haitatumika.

“Jana mchana. Wajumbe wote walikuwepo. Nilibonyeza spika.”

Ule mwangwi. Yule aliyekohoa. Walikaa watu wazima, wa kituo cha televisheni, wa kampuni ya muziki, wa kampuni ya vitu vya kuchezea, ramani iliyokamilika imelazwa katikati yao, wakanisikiliza mimi nikiapa kwamba nusu ya pili inamaliziwa leo. Nimeishika kwa mikono yangu.

“Hakuna hata mmoja wao asiyesema hivyohivyo kila siku,” nikasema.

“Kweli. Lakini wao hawakubonyezewa spika. Njia ya mwongo fupi, Kuwabara, na yako niliikuta umeshaikata mwenyewe. Wameuliza, prodyuza asiyejua mwongozaji wake amemaliza kazi chumba cha pili, atasimamiaje filamu? Sikuwa na la kujibu.”

“Hukutaka kujibu.”

“Sikutaka,” akakubali. “Ulianguka mbele ya watu. Ukianguka katikati ya filamu, studio nzima inaanguka na wewe. Ningekwambia pumzika ungepumzika? Wewe hupumziki mpaka upewe mtu wa kumlinda.”

“Nani amepewa?”

“Nishiwaki.”

Nishiwaki. Nilimfundisha mwenyewe kupiga kona za mitaa ya Suginami bila ramani ya barabara. Kwenye arusi yake mimi ndiye niliyetoa hotuba, kwa sababu mkuu wake wa kazi nilikuwa mimi. Nilimwonyesha hata makaratasi ya yule mama wa Hakodate, nikamwachia ayasome usiku, akayarudisha akisema amelia.

“Asiyekuwepo na lake halipo,” Obinata akasema, kama anayenipa pole.

“Ulinipeleka wewe nisiwepo.”

Akakata simu. Au nilikata mimi. Sikumbuki.

Nikapanda ngazi. Sikubisha hodi. Sugaya alikuwa amekaa kwenye meza fupi yenye shuka nene na joto chini yake, anamenya chenza. Aliponiona uso, akajua.

“Bi Chise amekwambia,” akasema.

“Yeye, na Obinata.”

Akaweka chenza chini. “Jumapili alinipigia nyumbani. Akasema umeanguka, daktari amekukanya, husikii. Akaniuliza ramani iko wapi, nikamwambia zimebaki kurasa chache. Akasema basi vizuri, jifanye umekwama, mpeleke Atami.”

“Nilidhani mimi ndiye niliyekupeleka.”

“Ndivyo ilivyotakiwa udhani.” Akajaribu kutabasamu, ikamshinda. “Nikaona si kosa. Umelala, Bi Kuwabara. Nilikusikia ukutani umelala. Uso wako umerudi.”

“Na kwa nini hukuniambia jana? Nilipokwambia nimekudhamini?”

“Nilitaka kukwambia. Nikaogopa utashuka upige simu uanze kazi. Nikasema nikuache ule kwanza.”

“Umeniacha nile samaki huku filamu yangu inagawiwa.”

Akashtuka. Ama alishtuka kweli, ama alikuwa mwigizaji kuliko wote niliowahi kuwarekodi. Nikamweleza kikao, spika, Nishiwaki. Alisikiliza mikono ameificha chini ya shuka. Nilipomaliza hakuuliza swali hata moja, na hapo nikaingiwa na wasiwasi.

“Ulijua,” nikasema.

“Nilijua nusu.”

“Nusu ipi?”

“Obinata alisema Nishiwaki atashikilia kwa muda, mpaka upone. Nikadhani ni kwa muda.”

“Muda gani?”

“Sikuuliza.”

“Kwa nini hukuuliza, Sugaya?”

Akatazama dirishani. Huko nje kulikuwa na mwanamke anaanika shuka, upepo unamnyang'anya. Nilimsubiri. Nimewasubiri watu kazi yangu yote, najua kusubiri.

Mnielewe nilichokuwa nasubiri. Katika kazi yetu prodyuza hana mali. Hachori, haimbi, haandiki. Mali yake ni watu watakaosema, bila huyu mimi siji. Nilishaona filamu zikigeuzwa juu chini kwa maneno hayo. Mwongozaji akisema simtaki mwingine, namtaka Kuwabara, kamati inameza maneno yake hata kama yamewakwama kooni. Sugaya alikuwa na neno hilo mdomoni. Sikutaka kumwomba. Nilitaka alitoe mwenyewe.

Hakulitoa. Nikaishia kuomba.

“Waambie bila mimi hufanyi.”

Akafumba macho.

“Bi Kuwabara, nina miaka hamsini na nane. Sijawahi kupewa filamu.”

“Mimi nilikuwa nakupa.”

“Ulikuwa unanipa kwa miaka minane,” akasema, pole kabisa, bila ubaya wowote. “Wao wamenipa jana.”

Angenitukana ningeshukuru. Tusi lina jibu. Nilikaa chini, ng'ambo ya meza, mahali pangu pa kila siku, na machozi yakaanza kunitoka bila kelele. Alinisogezea leso. Niliitazama ile leso, nikawaza: huyu ni mtu mwema, na wema wake wote hautoshi. Nikawaza pia, Mungu anisamehe, kwamba leo tutakula saa ngapi.

Simu ya chumbani kwa Sugaya ikalia.

Hakuna aliyenyanyuka. Ikalia tena. Ilikuwa kwenye kona, karibu yangu, basi nikainyanyua mimi. Sauti ya Bi Chise ikasema ni Tokyo tena, mwanangu, nikatae? Nikamwambia aunganishe.

“Kuwabara.” Ni Obinata, na safari hii alikuwa na haraka. “Sugaya yuko hapo?”

“Kuna nini?”

“Kamati wanataka neno lake mwenyewe. Jana nilisema amekubali, leo mtu wa televisheni anasema baada ya yale ya simu haamini tena neno la prodyuza yeyote, anataka kumsikia mwongozaji kwa masikio yake. Wako hapa wananisubiri. Bila yeye wanafunga faili. Filamu haiendi kwa Nishiwaki wala kwa mtu mwingine.”

Nikamtazama Sugaya.

“Sikiliza,” akasema, akapunguza sauti. “Najua una hasira. Lakini ukimficha, unamzika yeye, na yule mama wako wa Hakodate unamzika naye. Wewe si mtu wa hivyo. Yupo hapo?”

Nikaziba simu kwa kiganja. Sugaya alikuwa amesikia. Chumba kidogo kile, na Obinata alikuwa anapaza sauti. Alikuwa ameketi wima, maganda ya chenza mbele yake, hana rangi usoni.

“Wanataka wakusikie mwenyewe,” nikamwambia. “Sasa hivi. Wote wanakusikiliza.”

Aliyakusanya maganda ya chenza kwa kiganja.

“Unaweza kusema neno lile,” nikasema. “Ni neno moja tu. Au unaweza kusema lingine. Mimi sitakulaumu.”

Nilidanganya. Ningemlaumu mpaka naingia kaburini.

Chini ya kiganja changu sauti ya Obinata ilikuwa inaniita kwa jina. Sugaya alijifuta vidole kwa leso, kimoja kimoja, akakohoa kulainisha koo. Kisha akanyoosha mkono juu ya meza aipokee simu. Mkono ulikuwa imara kabisa. Nikamtazama usoni nijue ni neno lipi anakwenda kusema.

Hakunitazama.